Mwangwi Uliotangulia Sauti

Mwaka wa 1911, tangu sikukuu ya Yohane Mbatizaji mwezi Juni hadi ile ya Mtakatifu Yakobo mwishoni mwa Julai, bonde lote halikupata tone la mvua. Anga lilikaa jeupe kama bati juani. Upepo wa kusini, uliozoea kuleta mawingu, mwaka huo ulileta joto tupu. Na nyasi za malisho ya chini zilivunjika chini ya kwato kama njiti za kiberiti. Kwa sababu hiyo Balz Zurfluh aliwapandisha ng'ombe wake juu kuliko baba yake alivyowahi kuthubutu, hadi miguuni pa milima ya Wirren. Huko majani yalikuwa bado mabichi. Yalikuwa mabichi kwa kuwa hakuna mwenye akili timamu aliyelisha mifugo huko.

Watu wa bonde hawakuihesabu milima ya Wirren. Ukiihesabu asubuhi utapata vilele saba; ukiinama kunywa maji na kuinuka tena, utapata tisa; na mwenye kubisha alikuwa huru kwenda kuhakikisha. Mwindaji mmoja alikwenda. Jioni alikutwa kilabuni kijijini, glasi mkononi, ilhali majirani waliosimama nje na darubini walikuwa bado wanamtazama akipanda mwamba. Chemchemi iliyokuwa karibu wakati wa kuiendea ilikuwa safari ya nusu siku wakati wa kurudi. Wazee walisema mle ndani anakaa pepo waliyemwita Yule wa Nyuma, na hawakupenda kueleza zaidi.

Kinga ilikuwa moja tu, nayo ilikuwa imetosha kwa vizazi vingi. Kila jioni, kazi ya maziwa ikiisha, mchungaji mkuu husimama kando ya msalaba wa mbao ulio juu ya nyumba ya malisho, huweka kinywani faneli ya mbao ya kuchujia maziwa, na kuita baraka kwa sauti ndefu ya wimbo, akigeukia pande zote nne. Humwita Bikira Maria, na Mtakatifu Galli, na Mtakatifu Wendelin mlinzi wa mifugo. Kisha huomba walindwe walio zizini, walio njiani, na anayengoja nyumbani. Inapofika sauti, uovu hauvuki. Inapokoma, kila mtu na lwake.

Jioni ya Mtakatifu Yakobo nyumba ile ilikuwa na watu watatu: Balz, mwanamume wa miaka arobaini na mmoja, mpole na mchache wa maneno, mkewe Kreszenz, aliyekuwa na miaka thelathini na minne, na Remigi, mdogo wake Balz, aliyepewa maneno ya ndugu wote wawili. Vumbi la ukame lilikuwa limelikausha koo la Balz hata akisema alikwaruza kama msumeno.

"Kaka, ukiita baraka na koo hilo, watakatifu watadhani ni mbuzi," Remigi alisema huku akivua viatu.

"Wameshavumilia mabaya zaidi," Balz akajibu. "Wewe huimba kanisani kila Jumapili."

Kreszenz alicheka, akaendelea kukoroga supu ya shayiri. Balz alichukua faneli kwenye msumari wake. Alikuwa hajavuka kizingiti aliposimama ghafla, mkono mmoja ukiwa umeshika mwimo wa mlango.

Kutoka milima ya Wirren baraka ilikuwa ikiitwa.

Iliitwa yote, kwa utaratibu wake, neno kwa neno. Ilikuwa sauti ya Balz mwenyewe. Hata mkwaruzo wa koo ulikuwamo. Wote watatu walisikiliza bila kusogea. Ilipofika mahali pa kumwombea anayengoja nyumbani, sauti ilikatika, kama ya mtu aliyezidiwa na kilio, ikanyamaza kidogo, kisha ikamalizia.

"Mwangwi," Remigi alisema hatimaye.

"Mwangwi wa nini, shemeji? Hajafungua kinywa."

"Basi ni mchungaji wa ng'ambo ya korongo."

"Ng'ambo ya korongo kuna mawe matupu. Mawe hayakamuliwi." Kreszenz alimgeukia mumewe. "Balz, nenda ukaite."

Balz aliigeuzageuza faneli mikononi. Ndipo alipofanya kosa ambalo mgeni asingelifanya, kwa kuwa mgeni asingeijua miiko. Katika milima ile, baraka iliyokwisha kuitwa haiitwi tena jioni hiyo hiyo. Kuirudia ni kuwaambia watakatifu kwamba mara ya kwanza walikuwa wamelala.

"Imeitwa," alisema kwa uchovu. "Imesikika hapa. Aliyeita ameita, Mungu ambariki. Koo langu linawaka moto."

Akaitundika faneli msumarini.

Supu ilikuwa inapakuliwa waliposikia njuga ya mtamba wao mwekundu huko juu, upande wa mawe, ambako ng'ombe hana la kufanya. Balz alisimama, akajitia kipande cha mkate mfukoni, akachukua fimbo.

"Nitakula baadaye. Atavunjika mguu yule. Nitarudi kabla supu haijapoa."

Alitoka wakati jua lilikuwa bado linagusa vilele. Kreszenz alimwona akipanda, shati lake jeupe likipungua na kupungua. Alipepesa macho, na shati halikuwapo.

Supu ikapoa. Remigi akaita mara moja mlangoni, na mlima haukurudisha hata kikohozi. Akafunga komeo, akaketi kando ya meza.

Kreszenz alikuwa wa kwanza kuinusa: harufu ya mshumaa uliozimwa, moshi ule mchungu wa utambi. Aliutazama mshumaa. Ulikuwa unawaka wima mezani.

"Shemeji," alinong'ona, "unasikia harufu?"

"Nyamaza."

"Ni kama mshumaa ume—"

Mshumaa ukazimika.

Katika giza lile mambo yakaanza kuja, nayo yalikuja kinyumenyume, kama mtu anayevua nguo za maiti: kwanza walisikia mlango ukifungwa taratibu, ilhali ulikuwa umefungwa muda wote, kisha komeo likainuka, kisha ikapigwa hodi, mara tatu, kwa kifundo kimoja cha kidole, na mwisho kabisa, wakati lolote lililokuwa likija lilikuwa limekwisha kuingia, zikasikika nyayo zikipanda ngazi za mawe huko nje, moja baada ya nyingine, bila haraka yoyote, zikiifuata ziara iliyokwisha kuwasili. Chumba kilijaa harufu ya jiwe lililolowa na ya majivu baridi. Kiti cha Balz kililia. Mto wake wa majani makavu ukabonyea, kama unavyobonyea mtu mzito akikaa bila nia ya kuondoka.

Remigi alikuwa amemshika shemeji yake mkono.

Kisha kutoka kitini, kwa sauti ya Balz yenye mkwaruzo, kwa adabu ya mtu anayezungumza na asiyemfahamu, yakatoka maneno haya:

"Samahani, bibi. Mke wangu yumo ndani? Nilimwambia nitarudi kabla supu haijapoa."

Kreszenz alijibanza ukutani. Alichokiogopa kuliko giza, kuliko harufu, kuliko kile kiti, ni neno "bibi".

Kulipopambazuka kiti kilikuwa kitupu, lakini mto wake ulikuwa bado umebonyea. Remigi aliteremka mbio kijijini kumwita Padri Fintan, mtawa wa shirika la Wakapuchini, kwa maana katika bonde lile daktari alitibu mwili na Wakapuchini walitibu yaliyobaki. Alirudi naye asubuhi iliyofuata. Alimkuta Kreszenz amekonda, midomo imepasuka, rundo la kuni limekwisha na mkate mezani una ukungu wa kijani wenye manyoya.

"Mlikuwa wapi?" alisema kwa sauti iliyovunjika. "Siku tisa, shemeji! Siku tisa niko na hicho kiti!"

"Nimeondoka jana," Remigi alisema. "Shemeji, naapa, ni jana."

Padri Fintan alikuwa mtu mnene mwenye vumbi hadi magotini na ugoro kwenye ndevu. Aliutazama mkate, akautazama mlango, akapiga chafya.

"Simulieni," alisema. "Polepole, na msiniongezee chumvi. Chumvi ninayo."

Walisimulia. Alipofikishiwa habari ya baraka iliyotangulia, aliacha kuvuta ugoro. Alimwuliza Remigi kama ilikuwa sauti ya kaka yake kwa hakika, na Remigi akasema ndiyo; akauliza nani aliyeamua isiitwe tena, na Remigi akasema ni Balz mwenyewe. Kisha alivaa shingoni stola yake ya zambarau, ule utepe wa kipadri, akakijongelea kiti kama mtu anayemjongelea mbwa asiyemjua, akakinyunyizia maji ya baraka, na kuanza kusoma Kilatini. Maji yalichemka kabla hayajaanguka. Kitu kikapiga yowe, na yowe lile lilianza kwa mbali sana huko Wirren na kuja likikua hadi kukoma hapo hapo kitini, ghafla, kama linarudi kinywani lilikotoka. Mto ukainuka. Harufu ikaondoka.

Padri alikaa chini, jasho likimtiririka.

"Humu ndani hatakaa tena, maadamu baraka inaitwa," alisema. "Lakini nimemfukuza kitini tu, mwanangu. Mumeo bado yuko naye."

"Yu hai?"

"Sikiliza vizuri. Pepo huyu hana sauti yake wala wakati wake. Anaishi kwa wizi. Neno utakalolisema kesho yeye analiiba na kulitupa leo, ili ulisikie, uone limeshasemwa, uliache. Ukiliacha, pengo linabaki, na katika pengo hilo anaingia. Baraka mliyoisikia ni ya Balz kweli. Ni ile atakayoiita."

"Atakayoiita lini?"

"Hilo silijui. Siku atakapoiita, pengo limezibwa na yule mwizi amefungiwa nje. Lakini mtu hawezi kurudi kutoka kule kama hakuna mpaka wa kurudia. Lazima pawe na sauti kila jioni, aisikie, aifuate. Kiangazi na kipupwe."

"Kipupwe?" Remigi alidakia. "Padri, hapa theluji hufunika paa!"

"Najua inapofika theluji."

"Na nani ataita? Mimi nina watoto bondeni."

Kreszenz alikuwa ameshasimama. Aliitungua faneli msumarini.

"Shemeji, hapana," Remigi alisema. "Mwanamke kuita baraka? Watasema umerogwa. Watasema wewe ndiye mchawi uliyemwuza mwenzio."

"Waseme. Midomo ni yao, mume ni wangu." Akamgeukia padri. "Atakuja mwingine na sauti yake. Nitamjuaje aliye wa kweli?"

Padri Fintan alikigeukia kiti.

"Yale maneno ya kitini. Yameibwa kinywani mwa mumeo, hajayasema bado. Na mwizi huyu hawezi kutupa neno lile lile mara mbili. Yeyote atakayebisha hodi na kusema lolote jingine, usimfungulie, hata akilia. Atakayeyasema yale, mfungulie. Kisha kabla ya salamu, kabla ya machozi, mpe faneli."

Ng'ombe waliteremshwa. Kreszenz akabaki.

Kijiji kilisema kama Remigi alivyobashiri, na zaidi. Wanawake walivuka barabara walipokutana na dada zake. Vijana walipanda Jumapili moja ya Septemba na kurusha mawe kwenye paa, wakiimba wimbo wa matusi, hadi mmoja wao alipoliona jiwe lake likimpiga begani kabla hajalirusha; hawakurudi tena. Kila vuli Remigi alileta unga, chumvi na mafuta ya taa, akaviweka penye msalaba, akasema kwa sauti ya chini, "Shemeji, bado?" naye akajibu, "Bado."

Na kila jioni, theluji ikifika dirishani, upepo ukimrudishia maneno kooni, homa ikimchoma, alitoka na faneli na kusimama penye msalaba. Na kila jioni, kabla hajaweka faneli mdomoni, aliisikia sauti yake mwenyewe ikitokea Wirren, ikiita baraka yote kwa ukamilifu, safi kuliko alivyoweza kuiita yeye, na baada yake sauti nyingine ya huruma ikinong'ona karibu na sikio, "Pumzika leo, mama, imeshaitwa". Naye akaweka faneli mdomoni na kuita. Ndani ya nyumba, usiku, alijisikia akikohoa na kujua kwamba atakohoa. Alinusa maziwa yaliyoungua na kukimbilia sufuria iliyokuwa bado baridi. Vilele nje ya dirisha vilisogea kama wanyama wanaobadilisha mguu. Na mlangoni palikuja Balz baada ya Balz: aliyelia kwa baridi, aliyemtukana, aliyemwita kwa jina la siri walilolijua wao wawili tu, aliyemwambia kwamba mguu wake umevunjika na damu inamtoka, fungua, Kreszenz, fungua, kwa nini unaniua, naye alikaa nyuma ya komeo, ngumi mdomoni, akisubiri maneno yale, na maneno yale hayakuja, na nyayo zikaja baadaye kama desturi yake, zikipanda ngazi kumfuata yule aliyekwisha kuondoka.

Padri Fintan alizikwa. Nywele za Kreszenz zikawa nyeupe. Vita vya kwanza vya dunia vikapita mbali, vya pili vikaja. Magoti ya Remigi yakakataa mlima, akawa anamtuma jirani mwenye nyumbu.

Ikafika tena jioni ya Mtakatifu Yakobo, mwaka wa 1942, tulivu, bila upepo. Kreszenz alitoka na faneli, akasimama penye msalaba, akangoja kuisikia sauti yake ikitokea Wirren.

Hakuisikia.

Wirren ilikuwa kimya. Alingoja, na ubaridi ukampanda kutoka nyayoni hadi kifuani, kwa kuwa hesabu ilikuwa nyepesi hata kwa mtoto: sauti yake husikika mapema kila jioni atakayoita, na ikiwa leo haikusikika, basi leo hataita. Mtu aliyeita katika homa na katika theluji, asiite kwa sababu gani isipokuwa moja? Alirudi ndani. Alifagia. Alivaa gauni lake la kanisani, akaipakua supu ya shayiri mezani ili kifo kisimkute na njaa, akaketi kukisubiri, faneli mapajani, akimwomba Mungu tu kwamba Balz asifike mpakani usiku huo na kukuta kimya.

Huko nje zikasikika nyayo zikipanda ngazi. Kisha hodi.

Alichelewa kuelewa kilichokuwa tofauti. Nyayo zilikuwa zimetangulia. Hodi ilikuwa imefuata.

Alifika mlangoni kwa kujishikiza ukutani.

"Nani?"

"Samahani, bibi," ilisema sauti yenye mkwaruzo. "Mke wangu yumo ndani? Nilimwambia nitarudi kabla supu haijapoa."

Aliinua komeo. Alisimama pale mwanamume wa miaka arobaini na mmoja, shati jeupe, mtamba mwekundu nyuma yake akitafuna, na kipande cha mkate kikichomoza mfukoni, kikiwa bado laini. Alimtazama yule kikongwe kwa heshima, kama mtu anavyomtazama mama wa jirani, na macho yake yakavuka bega lake yakimtafuta mwingine chumbani.

Kreszenz hakumgusa. Alimwekea faneli mkononi.

"Ita," alisema.

"Nini, bibi?"

"Baraka. Ita sasa hivi, Balz, kabla hujaniuliza lolote. Jioni hii haijaitwa."

Labda ni sauti, labda ni namna alivyolitaja jina. Balz alikwenda penye msalaba bila kubisha. Aliita kwa koo lake bovu, akigeukia upande wa kwanza, wa pili, wa tatu, na nyuma yake milima ya Wirren ilianza kunguruma, vilele vikigongana kama ng'ombe kwenye mlango mwembamba wa zizi. Aliomba walindwe walio zizini, walio njiani. Akageukia upande wa nne, ule wa nyumba. Alimwona mlangoni na gauni la kanisani, alilolinunua yeye mwenyewe sokoni mwaka waliooana, na uso uliokuwa ndani ya uso ule ukamjia.

"Na anayengoja—" aliita, na sauti ikakatika.

Kreszenz alikuwa ameusikia mkatiko ule mara moja tu maishani mwake, akikoroga supu.

Balz akanyamaza kidogo, kisha akamalizia. Mwangwi ukarudi baada yake, kama mwangwi wa mahali pengine popote, na vilele vikatulia: saba. Tangu siku hiyo watu wa bonde huvihesabu kwa sauti, na havijazidi.

Aliingia ndani polepole, akaketi katika kiti chake. Hakuweza kumtazama.

"Supu imepoa?" aliuliza.

"Kidogo," Kreszenz alisema.

Asubuhi waliteremka kijijini, mtamba mbele. Mwanamke kisimani alimwambia Kreszenz kwamba ana kijana mzuri, wa kumfaa uzeeni. Kreszenz akamwambia, "Ni mume wangu huyu," akaendelea kutembea. Remigi alikuwa ameketi kibarazani na mikongojo yake miwili. Alimkazia macho kaka yake.

"Kaka," alisema, "umeniacha nizeeke peke yangu. Na bado una sauti ya mbuzi."

Baraka ile, ukiiita kwa utulivu pande zote nne, huchukua dakika nne. Kutoitwa kwake jioni moja kuligharimu miaka thelathini na mmoja.